Mtazamaji Ndani ya Kazi: Chimbuko la Sanaa ya Usimikaji Shirikishi

Sanaa ya usimikaji, yaani ile ambayo msanii hupanga vitu, mwanga na sauti katika nafasi nzima ili mtazamaji aingie ndani yake badala ya kuikabili ukutani, ilipata sura mpya mwaka 1967, msanii wa Brazil Hélio Oiticica alipoonyesha kazi yake Tropicália mjini Rio de Janeiro, ambako watu walikanyaga mchanga na changarawe kati ya mimea na kasuku hadi kuingia vibandani. Mwaka huohuo alizaliwa mjini Mexico City msanii Rafael Lozano-Hemmer, ambaye, baada ya kusomea kemia huko Montréal, aliingiza kompyuta katika ushirikishaji huo. Katika kazi yake Vectorial Elevation, iliyozinduliwa mwishoni mwa mwaka 1999, watu walielekeza kwa intaneti taa 18 kubwa zilizomulika anga juu ya uwanja wa Zócalo mjini Mexico City. Na katika Pulse Room ya mwaka 2006, mgeni alishika vihisi, yaani vifaa vinavyotambua mapigo ya moyo, balbu ikawaka na kuzimika kwa kuyafuata, kisha mdundo wake ukasogezwa balbu moja mbele kila alipoongezeka mgeni mwingine. Hivyo mwili wa mtazamaji, ambao awali ulipita tu ndani ya kazi, ukawa malighafi yake.