Subhash Mukhopadhyay na Mtoto Aliyekataliwa na Kamati

Historia ya utungishaji mimba nje ya mwili, yaani mbinu ya kukutanisha yai la mwanamke na mbegu za mwanamume katika maabara na kisha kukihamishia kiinitete katika mji wa mimba, kwa kawaida huanzishwa katika mji wa Oldham, Uingereza, ambako Louise Brown alizaliwa tarehe 25 Julai 1978 kutokana na kazi ya Patrick Steptoe, Robert Edwards na Jean Purdy. Siku 70 baadaye, tarehe 3 Oktoba, mtoto wa kike alizaliwa Calcutta, mji ambao sasa huitwa Kolkata, na akajulikana hadharani kwa jina la Durga, mungu wa kike anayetukuzwa mno na Wahindu wa Bengali. Daktari aliyedai kuwa mtoto huyo naye alitungwa nje ya mwili, Subhash Mukhopadhyay, ambaye maandishi mengi humwita Mukherjee, hakupata heshima waliyopata wenzake wa Uingereza. Alichopata ni kamati ya kumchunguza.

Mukhopadhyay alizaliwa Hazaribagh tarehe 16 Januari 1931, akasomea udaktari Calcutta na kuhitimu mwaka 1955. Hakutosheka na tiba ya wodini, bali alijikita katika fiziolojia, elimu ya namna viungo vya mwili vinavyofanya kazi, na mwaka 1958 Chuo Kikuu cha Calcutta kilimtunuku shahada ya uzamivu katika fani ya uzazi. Shahada ya pili ya uzamivu aliipata Edinburgh mwaka 1967 chini ya John Loraine, mtaalamu wa upimaji wa homoni, ambazo ni kemikali zinazotengenezwa na tezi na kusafirishwa na damu ili kuamuru kazi za viungo vingine. Mafunzo hayo ya Edinburgh ndiyo yanayofafanua njia aliyoifuata baadaye, kwa kuwa aliporejea nyumbani kufundisha katika vyuo vya tiba vya serikali aliliendea tatizo la ugumba kwanza kama mtu wa homoni, na si kama mpasuaji.

Tofauti hiyo inahitaji kuelezwa kwa kina, kwa sababu ndiyo kiini cha sifa yake. Katika kisa cha Louise Brown, Steptoe na Edwards walisubiri yai moja linalopevuka lenyewe katika mzunguko wa kawaida wa mwezi, wakalitoa kwa laparoskopu, kifaa chembamba chenye mwanga kinachopitishwa katika ukuta wa tumbo, na kiinitete kilichopatikana kikahamishiwa katika mji wa mimba siku chache tu baada ya utungisho. Mukhopadhyay, akishirikiana na Sunit Mukherji, mtaalamu wa ugandishaji, na Saroj Kanti Bhattacharya, daktari wa magonjwa ya wanawake, alipita njia nyingine karibu katika kila hatua. Aliichochea ovari kwa gonadotropini, homoni ambazo wakati huo zilichujwa kutoka katika mkojo wa wanawake waliokoma hedhi, ili mayai kadhaa yapevuke kwa pamoja. Akayatoa kwa kupitia mkato mdogo nyuma ya uke badala ya tumboni. Kisha akavigandisha viinitete kwa baridi kali, akivikinga kwa dimethili sulfoksaidi, kemikali inayozuia chembe hai zisipasuliwe na barafu. Kwa maelezo yake, kiinitete kilikaa katika hali hiyo kwa siku 53 kabla ya kuyeyushwa na kuwekwa katika mji wa mimba katika mzunguko wa baadaye, wakati ambapo mwili wa mama ulikuwa umetulia baada ya dawa za uchocheaji.

Mpangilio huo leo ni wa kawaida katika kliniki za uzazi duniani kote, lakini mwaka 1978 ulionekana kama ndoto. Uchocheaji wa ovari kwa gonadotropini ulikubalika zaidi baada ya Howard na Georgeanna Jones kuutumia Norfolk, Marekani, ambako Elizabeth Carr alizaliwa mwezi Desemba 1981. Mimba ya binadamu kutokana na kiinitete kilichogandishwa iliripotiwa Australia mwaka 1983, na watoto wa kwanza waliotambuliwa kuzaliwa kwa njia hiyo walikuja mwaka 1984.

Serikali ya Bengali Magharibi iliunda kamati ya kuyapima madai ya Mukhopadhyay mnamo Novemba 1978, na uenyekiti wake ukakabidhiwa mtaalamu wa fizikia ya redio. Ni vigumu kuutetea uteuzi huo. Kamati iliyakataa madai, na mwaka 1979 Mukhopadhyay akanyimwa ruhusa ya kusafiri kwenda Japani, alikoalikwa kuieleza kazi yake mbele ya wanasayansi wenzake. Hata hivyo haki inadai kusemwa kwamba naye aliwarahisishia wapinzani wake kazi: habari zilifika magazetini kabla ya majarida ya kitaalamu, maelezo yaliyochapishwa mwaka 1978 katika jarida la India la elimu ya baridi yalikuwa mafupi mno, na wazazi wa mtoto, kwa kuhofia aibu na maneno ya watu, hawakutaka kujulikana. Daktari aliitunza siri ya wagonjwa wake, na kwa kuitunza akajinyima ushahidi aliodaiwa.

Mwezi Juni 1981, akiwa tayari ameugua moyo, alihamishiwa katika taasisi ya magonjwa ya macho, mahali ambapo utafiti wa homoni za uzazi haukuwa na nafasi. Tarehe 19 ya mwezi huohuo alijitoa uhai mjini Calcutta akiwa na umri wa miaka 50. Kisa chake kilimpa Ramapada Chowdhury msingi wa riwaya, na kutoka katika riwaya hiyo Tapan Sinha akatengeneza filamu ya Kihindi iliyolirudisha jambo hilo vinywani mwa watu.

Aliyelirudisha katika sayansi ni T. C. Anand Kumar, mtafiti wa Bombay ambaye, pamoja na Indira Hinduja, alihesabiwa kuwa mwanzilishi wa mbinu hii nchini India kutokana na kuzaliwa kwa mtoto Harsha tarehe 6 Agosti 1986. Mwaka 1997 Kumar alizisoma kumbukumbu zilizoandikwa kwa mkono na Mukhopadhyay, akaridhika nazo, na akachapisha makala yaliyomvua yeye mwenyewe heshima hiyo. Durga, alipofikisha umri wa miaka 25, alijitokeza hadharani na kumtaja daktari wake.

Kumbukumbu hizo si sawa na taarifa kamili iliyopimwa na wataalamu wakati wa tukio, na mwanahistoria makini atalisema hilo kila anapoitaja Calcutta baada ya Oldham. Lakini ushahidi uliopo unatosha kuiweka Calcutta katika nafasi hiyo ya pili, na hukumu ya kamati ya 1978, iliyotolewa na watu wasioijua fani waliyoihukumu, haistahili kutumiwa tena kuipinga.