Maji Maji: kutoka sanamu ya shaba hadi filamu

Vita vya Maji Maji vilianza Julai 1905 katika milima ya Matumbi, pale watu wa Nandete walipong'oa pamba waliyolazimishwa kulima. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, aliyegawa maji ya dawa yaliyoaminiwa kugeuza risasi kuwa maji, alinyongwa mwezi uliofuata, lakini mapigano yalienea kusini mwa koloni la Wajerumani, Tanzania ya leo, hadi 1907. Waliokufa wanakadiriwa kuwa kati ya 75,000 na 300,000, wengi wao kwa njaa, kwa sababu jeshi la Wajerumani lilichoma mashamba na maghala ya chakula. Njaa hiyo ndiyo iliyo ngumu zaidi kuadhimishwa, maana haina tarehe wala uwanja mmoja wa mapigano.

Ukumbusho wa mwanzo ulikuwa wa watawala. Kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Wajerumani walisimamisha Dar es Salaam sanamu ya shaba ya Hermann von Wissmann, ofisa aliyeuzima upinzani wa Abushiri pwani na baadaye akawa gavana. Chini yake aliwekwa askari Mwafrika akimwinulia macho. Waingereza, waliouteka mji mwaka 1916, waliing'oa. Ikaishia kwenye chuo kikuu cha Hamburg, ambako wanafunzi waliiangusha mwaka 1968. Mwaka 1927 Dar es Salaam ikapata Sanamu ya Askari, ya kuwakumbuka askari na wapagazi wa vita vya 1914 hadi 1918. Mara mbili, basi, Mwafrika alichongwa kwa shaba, na mara zote mbili akiwa mtumishi wa jeshi la mkoloni. Waliopigana na jeshi hilo hawakuchongwa.

Hali ilibadilika na harakati za uhuru. Mwaka 1956 Nyerere aliizungumzia Maji Maji mbele ya Umoja wa Mataifa, na chama cha TANU kikaipokea kama chimbuko lake. Mwaka 1968 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitumwa vijijini kukusanya simulizi za wazee, katika mradi ulioongozwa na John Iliffe na Gilbert Gwassa. Mwaka uliofuata ikachapishwa tamthilia ya Ebrahim Hussein, *Kinjeketile*, ambayo kwa wasomaji wengi wa Kiswahili ndiyo sura halisi ya vita hivyo. Hussein hakuchora shujaa asiye na doa: mganga wake anaingiwa na shaka juu ya dawa yake mwenyewe. Sherehe za taifa hazikuwahi kuwa na ujasiri huo.

Sherehe hizo zina kitovu chake Songea. Hapo, tarehe 27 Februari 1906, Wajerumani waliwanyonga wapiganaji wa Kingoni, wanaotajwa kuwa 67, na kuwazika katika kaburi la pamoja. Songea Mbano, nduna (kiongozi) wa Wangoni ambaye mji unaitwa kwa jina lake, alinyongwa baadaye na kuzikwa peke yake. Inasimuliwa kuwa kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Makumbusho ya Maji Maji yalifunguliwa mahali hapo mwaka 1980, na kila Februari hufanyika kumbukizi. Simulizi ya jukwaani hupenda umoja wa makabila; mara chache hugusia waliokataa kujiunga, au kwamba wengi wa waliowapiga risasi wapiganaji walikuwa askari Waafrika wa Mjerumani.

Filamu nayo ilianza upande wa watawala. Mwaka 1941, chini ya Wanazi, Herbert Selpin alitengeneza *Carl Peters*, iliyomtukuza mwanzilishi katili wa koloni. Zaidi ya miaka 80 ilipita kabla ya *The Empty Grave* ya Agnes Lisa Wegner na Cece Mlay kuonyeshwa katika tamasha la Berlin mwaka 2024. Filamu hiyo ya hali halisi inafuata familia mbili, moja ya Songea na nyingine ya Meru, zinazotafuta mabaki ya mababu zao katika makumbusho ya Ujerumani. Miezi michache kabla yake, Novemba 2023, Rais Frank-Walter Steinmeier alikuwa Songea, akakutana na wazao wa Songea Mbano na kuomba msamaha. Minara huadhimisha mashujaa kwa wingi wao. Filamu imefuata madai ya ukoo mmoja mmoja, madai yanayohitaji barua, vipimo vya vinasaba na kumbukumbu za makumbusho. Filamu ilipoonyeshwa, fuvu la nduna lilikuwa bado halijatambuliwa.