Tola na Wakia Juu ya Mizani Moja

Wasomaji wengi wa Geita, na wa Kahama upande wa Shinyanga, wameona dhahabu ikipimwa. Lakini ni wachache wajuao ya kuwa zamani dhahabu hiyo moja ilikuwa na mawe ya namna mbili. Mgodi mkubwa wa Geita, uliotoa dhahabu tangu miaka ya 1930 hata ukafungwa mwaka 1966, ulihesabu kwa wakia, kama ilivyo desturi ya Waingereza. Masonara wa Kihindi walihesabu kwa tola. Wakia ya dhahabu ni punje 480. Tola ni punje 180, kadiri iliyowekwa na serikali ya Kiingereza katika Bara Hindi mwaka 1833. (Punje hapa ni uzito mdogo ambao asili yake ni punje ya shayiri.) Rupia ya fedha nayo ilikuwa na uzito wa tola moja, hata ile ya Wajerumani iliyotumika katika nchi yetu. Basi mwenye rupia mpya alikuwa na jiwe la mizani mfukoni. Nasema mpya, maana rupia iliyopita mikononi mwa watu wengi hulika, na uzito wake hupungua.

Tuseme mtu alisikia bei ya wakia, naye akapimiwa kwa tola. Angejuaje kama amepata haki yake? Hapo ndipo ifaapo hesabu ambayo watoto shuleni huiita kigawo kikubwa cha shirika, wakidhani ni ya mtihani tu. Maana yake ni kipimo kikubwa kuliko vyote kiingiacho katika hesabu mbili pasipo kubakiza kitu. Nilipowauliza wanafunzi wangu kigawo hicho cha 480 na 180, mmoja alijibu 10. Hakukosa kabisa, kwa kuwa 10 huingia katika zote mbili. Ila iko iliyo kubwa zaidi.

Njia ya kuipata ni ya kale. Euclid, Myunani wa Iskanderia katika Misri, yapata miaka 300 kabla ya Kristo, aliieleza katika kitabu chake cha saba cha hesabu: toa ndogo katika kubwa, tena na tena, mpaka zilingane. 480 toa 180, hubaki 300; toa tena 180, hubaki 120. Sasa 180 toa 120, hubaki 60. Na 120 toa 60, hubaki 60. Zimelingana, basi jibu ni 60. Tola ina 60 mara tatu, na wakia mara nane. Kwa hiyo tola 8 ni sawasawa na wakia 3.

Weka basi mawe 8 ya tola upande mmoja, na 3 ya wakia upande wa pili. Yasipolingana, liko jiwe la uongo, au mizani yenyewe ni mbovu, au wakia hizo ni za dukani, zenye punje 437 na nusu tu. Anunuaye dhahabu kwa wakia ya dukani hupunjwa. Tena, weka tola 3 huku na wakia 1 kule, kisha mimina vumbi la dhahabu upande wa wakia hata zilingane: umepata punje 60 kamili, theluthi ya tola. Chini ya hapo mawe hayo hayawezi kupima. Kilichozidi hukadiriwa kwa macho, na mara nyingi macho hayo ni ya mnunuzi.

Siku hizi dhahabu hupimwa kwa gramu, na Geita ina soko lake la madini tangu mwaka 2019. Tola ni gramu 11.66, na wakia gramu 31.10. Anayetaka na azidishe ya kwanza kwa 8 na ya pili kwa 3, aone.