Kitabu cha Akiba cha Babu

Siku niliyokwenda benki kuomba mkopo nilivaa shati la kuazima. Sisi ni vijana wanne wa kijiwe kimoja hapa Mabatini, Mwanza. Wote tumemaliza shule, wote tunaandika, na wote hatuna kitu. Tulitaka kununua mashine ya kuchapia iliyokwisha tumika ili tutoe vitabu vyetu wenyewe. Nilibeba mswada wa riwaya yangu, kurasa 212, nikidhani labda utanisaidia.

Dada wa mikopo alinikaribisha vizuri, hilo sikatai. Akaniuliza: Una mshahara? Una hati ya nyumba au kiwanja? Una mdhamini aliyeajiriwa? Nikakana mara tatu kama Petro. Mswada hakuugusa. Nikatoka nje, jua linawaka, shati la watu limelowa jasho.

Nilipomsimulia bibi, alicheka mpaka akakohoa. Akafungua sanduku lake la bati, akatoa kijitabu kilichochakaa jalada: kitabu cha akiba cha marehemu babu.

"Mjukuu wangu," akasema, "na wewe umekwenda kwa wale wale?"

Wale wale ni akina nani? Ndugu msomaji, swali hilo lilinipeleka maktaba wiki tatu mfululizo. Haya ndiyo niliyorudi nayo.

Benki zilikuja kwetu zikiwafuata wenye biashara. Wajerumani walianzisha yao Dar es Salaam mwaka 1905. Walipoondoka, Waingereza wakaleta za kwao, akina Standard na Barclays. Kazi yao ilikuwa kuwakopesha wenye mashamba ya mkonge na makampuni yaliyonunua kahawa na pamba. Hata shilingi yenyewe haikuwa yetu. Tangu mwishoni mwa 1919 fedha ya Afrika Mashariki ilisimamiwa na Bodi iliyokaa London, na kwa miaka mingi Bodi hiyo ilitoa shilingi huku pale tu ilipopokea pauni kule. Yaani mkulima wa Magu akivuna pamba, dhamana ya noti aliyolipwa ilikaa Ulaya.

Na Mwafrika akitaka kukopa je? Hapo nilikutana na sheria ya mwaka 1923 ya kuzuia mikopo kwa "wenyeji". Ilisema kwamba deni ambalo Mwafrika anadaiwa na asiye Mwafrika halidaiki mahakamani, isipokuwa kama ofisa wa Serikali aliuidhinisha mkopo huo kwa maandishi. Eti ni kumlinda asiingie madeni! Lakini hebu fikiri: nani atamkopesha mtu asiyeweza kumshitaki? Kwa sheria hiyo mlango ulifungwa taratibu, na aliyefungiwa akaambiwa ashukuru.

Babu alikulia humo. Alikuwa na pamba, hakuwa na mizani. Alipenda kusimulia jinsi karani wa mnunuzi alivyokuwa akisogeza goti lake karibu na mizani, na gunia likapungua uzito mbele ya macho ya mwenye gunia. Ndiyo maana wakulima wa huku kwetu walijiunga mwanzoni mwa miaka ya 1950, wakiongozwa na Paul Bomani, kijana ambaye hata miaka 30 alikuwa hajatimiza. Mwaka 1955 wakaunda muungano wa vyama vya ushirika vya Victoria, ukawa mmojawapo wa vyama vikubwa kabisa katika Afrika. Watu ambao hakuna benki iliyowaona wakafikia kumiliki viwanda vya kuchambulia pamba.

Halafu ikaja 1967. Jumapili tarehe 5 Februari likatangazwa Azimio la Arusha. Kesho yake ikatangazwa kwamba mabenki yote ya biashara ni mali ya umma, na badala yake ikazaliwa Benki ya Taifa ya Biashara, NBC. Kitabu cha babu kilifunguliwa mwaka uliofuata. Bibi anasema alirudi nyumbani usiku, akakiweka juu ya meza, na hakuna mtoto aliyeruhusiwa kukigusa. Kabwela alikuwa ameingia benki kwa mlango wa mbele.

Lakini tusijidanganye. Mwenyewe alibadilika, tabia haikubadilika sana. Safari hii waliokopeshwa kwa wingi walikuwa mashirika ya umma na mamlaka za mazao, na mengi hayakurudisha. Mwaka 1976 Serikali ikavivunja vyama vikuu vya ushirika, vile vile vilivyojengwa na akina babu, mpaka sheria ya 1982 iliporuhusu vianze upya. Kuna misimu pamba ilichukuliwa, babu akabaki na karatasi mkononi akisubiri hela.

Mstari wa mwisho katika kitabu chake ni wa 1985: shilingi 4,310. Hakuzitoa. Alikuwa anamwekea baba yangu. Mwaka huo dola moja ilikuwa kama shilingi 17. Mwaka 1986 Serikali ikakubaliana na Shirika la Fedha la Kimataifa, shilingi ikazidi kuteremshwa, bei zikapanda, na kufika 2000 dola moja ilikuwa kama shilingi 800. Pigeni hesabu wenyewe. Hakuna mwizi aliyevunja mlango, tarakimu zipo pale pale, lakini jasho la miaka 17 likawa nauli ya kwenda shamba na kurudi.

Yaliyofuata wengi mnayajua. Sheria ya 1991 ikafungua mlango kwa benki binafsi. NBC, iliyokuwa imelemewa na madeni yasiyolipika, ikagawanywa mwaka 1997. Mwalimu Nyerere alipinga hadharani kuuzwa kwake. Alifariki Oktoba 1999, na mwaka 2000 asilimia 55 ya benki hiyo ikachukuliwa na ABSA ya Afrika Kusini kwa shilingi bilioni 15.

Mkono mtupu haulambwi, walisema wahenga. Lakini iko mikono iliyojazwa bila kuulizwa. Mwaka 2005 na 2006, kutoka akaunti ya madeni ya nje katika Benki Kuu, makampuni 22 yalilipwa shilingi bilioni 133 ambazo baadaye ukaguzi ulionyesha hazikulipwa kihalali. Januari 2008 gavana akaachishwa kazi. Niliposoma habari hiyo nilimkumbuka yule dada na maswali yake matatu.

Siku hizi mama ntilie anafunga benki kwenye pindo la kitenge: simu. Ni hatua kubwa, simbezi mtu. Ila ilipokuja tozo ya miamala Julai 2021, sote tulihisi jinsi mkono wa mkubwa unavyofika mpaka kwenye pindo hilo. Makelele yakawa mengi, ikapunguzwa.

Nimejifunza kwamba nguvu ya benki haiko katika hela iliyofungiwa ndani. Iko katika kuamua nani aaminiwe. Mzungu aliamua, Serikali ikaamua, kampuni linaamua, na mtoto wa mkulima bado anaulizwa nani anamdhamini. Wakati mmoja tu familia yetu haikuulizwa hivyo: wakulima walipodhaminiana wenyewe.

Na sisi waandishi vijana tunaandika mapenzi na uchawi mpaka tunachoka. Nani ataandika riwaya ya dirisha la benki, mahali ambapo maisha ya watu yanakatwa kwa maswali matatu?

Mashine bado hatujanunua. Tumeanza kuchanga elfu tano tano kila Jumamosi. Kitabu cha babu kilibaki na kurasa tupu, na bibi ameniruhusu. Majina yetu manne nimeyaandika humo, chini ya ile 4,310.