Drafti

Neno drafti nililijua kwanza chini ya mwarobaini, Mbagala Kizuiani, kwenye kijiwe cha fundi baiskeli. Ubao wa vyumba vyeusi na vyeupe, vizibo vya soda, vya huyu vikiwa vimelala kifudifudi na vya yule chali, na wazee wakilana kete kwa kelele. Kwa hiyo asubuhi moja ya Juni 2009, redio ya fundi ilipotangaza kwamba kijana wa Kitanzania amechaguliwa wa pili kwenye drafti ya NBA huko New York, nilidhani Wamarekani nao wanacheza vizibo.

Nilikuwa kidato cha pili. Miezi miwili nyuma, tarehe 29 Aprili, ghala la silaha la kambi ya jeshi lilikuwa limelipuka Mbagala. Watu zaidi ya 20 walikufa, na nyumba nyingi zikapasuka kuta, yetu ikiwemo. Mpaka leo mtaani kwetu mambo ya mwaka ule tunayapanga hivi: kabla ya mabomu na baada ya mabomu. Hasheem Thabeet ni baada ya mabomu.

Fundi ndiye aliyenielewesha. "Kule wanaitwa majina, mmoja mmoja," alisema bila kuinua macho kwenye spoku. "Ukiitwa, umeula."

Nimeikumbuka kauli hiyo mwaka huu, baada ya mama kunipigia simu. Mdogo wangu, mwenye miaka 17 na mtihani wa kidato cha nne mwezi Novemba, amepata wakala. Wakala amemwona akicheza ndondo, anasema ana kipaji, anaweza kumpeleka majaribio Ulaya. Kinachotakiwa ni shilingi 1,800,000 za "maandalizi". Zamu ya mama kwenye mchezo wa kina mama wa mtaani ilikuwa inafika, na fedha zilikuwa karibu kiasi hichohicho. Hakunipigia kuniomba hela. Alinipigia kuuliza, "Wewe uliyesoma, unaonaje?"

Sikuwa na jibu la haraka. Nikarudi kwenye historia, kwa sababu Dar es Salaam imetoa vijana wawili waliofika mbali kuliko wote kwenye michezo ya kulipwa, mmoja kupitia Kinondoni na mwingine Temeke, na njia zao hazifanani hata kidogo.

Wa Kinondoni ndiye aliyeitwa. Thabeet alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1987 na akasoma Makongo, shule ya jeshi inayojulikana kwa michezo. Mpira wa kikapu alianza kuushika akiwa na miaka 15 hivi, umri ambao vijana wengi wa Marekani wanaoutaka mchezo huo wameshaucheza kwa miaka kumi. Alichokuwa nacho ni urefu, ambao baadaye ulifika mita 2.2, na watu waliouona wakajua thamani yake. Akaenda kumalizia sekondari Houston, Texas, kisha mwaka 2006 akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut chini ya kocha Jim Calhoun. Mwaka 2009 timu yake ilifika nusu fainali ya mashindano ya vyuo vya Marekani nzima. Tarehe 25 Juni, saa za New York, lilianza jina la Blake Griffin, la pili likawa lake, akichukuliwa na Memphis Grizzlies. James Harden aliitwa wa tatu. Stephen Curry aliitwa wa saba.

Hiyo orodha ndiyo iliyokuja kumwadhibu. Mwezi Februari 2010, kabla hata msimu wake wa kwanza haujaisha, Memphis walimshusha kwenda ligi ya chini kwa muda, timu ya Dakota Wizards. Hakuna aliyeitwa juu kama yeye aliyewahi kushushwa huko kabla yake. Kisha ikawa Houston, Portland, Oklahoma City. Baada ya misimu mitano NBA ikafunga mlango, akaenda kucheza kwingine, hadi Japani na Taiwan. Vijiweni kwetu jina lake likawa la utani. Nami nilicheka na wenzangu. Hakuna kati yetu aliyejiuliza ni nani mwingine Tanzania aliyewahi kuanza mchezo akiwa na miaka 15 na baada ya miaka saba akawa wa pili kuitwa. Hakuna Mtanzania mwingine aliyecheza NBA, kabla yake wala baada yake. Tulimpima kwa namba ya kuitwa, tukasahau alikotoka.

Wa Temeke hakuitwa na mtu, kwa sababu kwenye soka letu hakuna wa kuita.

Hapa inafaa nieleze drafti inavyofanya kazi, maana tunaitaja sana bila kuijua. Michezo mikubwa ya Marekani imejengwa juu ya shule na vyuo. Kijana anacheza huku anasoma, chuo kinamlipia ada, na mwisho wa safari ya chuo timu za kulipwa zinachagua kwa zamu. Kwenye mpira wao wa miguu, ule wa umbo la yai, timu 32 huchagua kwa raundi 7, na majina kama 250 huitwa. Maelfu hawaitwi. Ila ambaye hakuitwa hajafukuzwa: timu yoyote inaweza kumpigia simu na kumpa mkataba mdogo usio na uhakika. Kambini huwa wanaingia wachezaji 90, na msimu unapoanza wanabaki 53. Wengi wanaokatwa ni hao ambao hawakuitwa.

Kurt Warner alikuwa mmoja wao. Alimaliza Chuo Kikuu cha Northern Iowa, na mwaka 1994 hakuna timu iliyotaja jina lake. Green Bay walimchukua kwa majaribio, wakamkata kabla ya msimu. Akarudi Iowa, akawa anapanga bidhaa usiku kwenye rafu za duka la vyakula. Akacheza kwenye ligi ya ndani ya ukumbi, timu ya Iowa Barnstormers. Mwaka 1998 akaenda kucheza Amsterdam, Uholanzi, ndipo akapata nafasi ya akiba St. Louis. Mwaka 1999 aliyekuwa mbele yake akaumia goti, naye akaingia. Januari 2000 alitwaa Super Bowl na tuzo ya mchezaji bora wa mechi hiyo.

Hadithi ya Warner huwa inasimuliwa kama muujiza. Mimi naiona kama orodha ya mechi. Hakuruka kutoka dukani hadi Super Bowl. Kati ya hapo na pale palikuwa na miaka mitano ya mechi ambazo watu wachache waliziangalia, na kila moja ilimsogeza hatua moja tu.

Mbwana Samatta naye alitembea hivyohivyo. Alizaliwa Desemba 1992, na mpira wake ni wa Mbagala. Ukikaa Rangi Tatu dakika kumi utakutana na watu watano waliocheza naye na wawili waliomfundisha kupiga kichwa. Mimi sidai hivyo. Ninachojua ni kile ambacho kila mtu anaweza kukifuatilia. Mwaka ule wa drafti ya Thabeet, Samatta alikuwa na miaka 16, na alikuwa amepitia timu ya Mbagala Market, ambayo baadaye ilikuja kuitwa African Lyon. Mwaka 2010 akaenda Simba.

Mwaka 2011 Simba walipangwa na TP Mazembe ya Lubumbashi kwenye Ligi ya Mabingwa Afrika. Mazembe walikuwa wametoka kuandika historia: Desemba 2010 walikuwa timu ya kwanza ya Afrika kucheza fainali ya Kombe la Dunia la Klabu, wakafungwa na Inter Milan 3-0. Simba walifungwa 3-1 kule Kongo na 3-2 hapa Dar es Salaam. Kwa matokeo, ile ilikuwa safari fupi ya timu iliyotolewa. Lakini Mazembe walirudi kwao wakiwa wamemwona mtu. Samatta aliondoka nchini akiwa na miaka 18, na aliyelipa ni klabu iliyomtaka.

Nimeuweka pembeni umri huo na hilo la malipo. Nitayarudia.

Lubumbashi alikaa miaka minne na nusu. Huku nyumbani wengi walimsahau kidogo, maana siku zile mechi za Kongo hazikuwa rahisi kuzipata kwenye luninga. Mwaka 2015 Mazembe walitwaa ubingwa wa Afrika kwa kuwafunga USM Alger nyumbani na ugenini, na Samatta alimaliza mashindano akiwa na mabao 7. Januari 2016, Abuja, akatangazwa mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara. Mwezi huohuo akaenda Genk, Ubelgiji. Hapo tena ilikuwa miaka minne: mabao, ubingwa wa Ubelgiji mwaka 2019, na tuzo ya Kiatu cha Ebony wanayopewa wachezaji wenye asili ya Afrika. Machi mwaka huohuo, akiwa nahodha, Taifa Stars waliwafunga Uganda 3-0 na kufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika, mara ya kwanza tangu 1980. Novemba akafunga kwa kichwa Anfield dhidi ya Liverpool. Januari 2020 akasajiliwa Aston Villa, na tarehe 1 Februari, mechi yake ya kwanza Ligi Kuu ya England, akafunga dhidi ya Bournemouth. Hakuna Mtanzania aliyewahi kucheza ligi hiyo kabla yake.

Kutoka mchanga wa Mbagala hadi siku ile ni miaka kumi na zaidi. Lubumbashi ilikuwa ni Iowa yake. Hata pale juu hakukaa: Septemba 2020 alikuwa ameshahamia Uturuki. Aliyeitwa hakubaki, na asiyeitwa naye hakubaki. Tofauti yao ni mzigo. Thabeet alibebeshwa namba mbili kabla hajacheza mechi hata moja. Samatta alifika kila mahali akiwa na alichokifanya mahali pa nyuma, wala hakuna aliyemdai zaidi ya hapo.

Jumamosi moja nikapanda gari la Mbagala. Mdogo wangu alikuwa uani anafua jezi. Mama alileta kigoda, akakaa karibu, akaanza kuchambua mchicha kama mtu asiyesikiliza.

"Kaka, umekuja kunikatalia," alisema kabla sijakaa vizuri.

"Nimekuja kukuuliza. Samatta alimlipa nani ili aende Mazembe?"

Akanyamaza. "Lakini yeye alikuwa Simba."

"Ndiyo. Kwa hiyo waliomtaka walienda Simba. Aliyekutaka wewe amekuja kwa mama."

Nikamweleza kwamba sheria za FIFA haziruhusu mchezaji wa chini ya miaka 18 kuhamia klabu ya nchi nyingine, isipokuwa kwa sababu chache ambazo yeye hana hata moja. Mchezaji anayetakiwa halipi, analipiwa. Nikamwambia amuulize wakala jina la klabu na barua ya mwaliko. Alipouliza, akajibiwa kwamba mambo hayo ni siri mpaka fedha ziingie. Kuanzia hapo simu ikawa haipokelewi.

Sikushangilia, na sidhani kama nilishinda. Kuna swali alilonitupia ambalo mpaka leo sijalijibu sawasawa. "Wewe unasema nisome kwanza. Kule Marekani wanasoma na kucheza. Hapa nikisoma, mpira unakufa. Nikicheza, shule inakufa. Nifanyeje?"

Ana haki. Tuna UMITASHUMTA kwa shule za msingi na UMISSETA kwa sekondari, na wengi wameonekana huko. Lakini baada ya kidato cha nne ngazi inakatika. Chuo kikuu hapa si mlango wa kwenda klabuni. Kijana anayevuka kwenda kidato cha tano huhesabiwa ameacha mpira, na anayebaki na mpira huhesabiwa ameacha shule. Golikipa wetu wa mtaani, niliyeamini angefika popote, leo anaendesha bodaboda pale Zakhem. Hakufeli majaribio yoyote. Hakuwahi kupata mechi ya kuonekana. Wakala wa uongo anaishi kwenye pengo hilo hasa: anauza mahali pa kuitwa jina katika nchi ambayo haina orodha.

Nilichoweza kumpa ni hesabu. Kidato cha nne ni miezi michache. Mechi za ndondo za wikendi zipo. Timu za madaraja ya chini Temeke zipo, na haziombi hela. Akifika miaka 18 akiwa na cheti na mechi 40 miguuni, atakuwa na vitu viwili ambavyo hakuna wakala anayeweza kuvichukua. Aliitikia kwa kichwa namna wadogo wanavyoitikia wanapotaka mkubwa aondoke.

Wiki mbili hakunipigia. Zamu ya mama ilipofika, alinunua mifuko ya saruji na kumwita fundi azibe ule ufa wa mwaka 2009. Kisha usiku mmoja nikapata ujumbe wa sauti. Kulikuwa na upepo na kelele za watu nyuma yake.

"Kaka, shikamoo. Nimepata namba kwenye timu ya daraja la tatu. Nakaa benchi kwanza. Kocha kasema niendelee na shule, mazoezi ni jioni." Akasita. "Njumu zangu zimechanika. Ukipita Karume, niangalie za mtumba. Namba 42."

Nilipita Karume Jumatatu.