Mchoraji Aliyesahaulika Katika Ugomvi wa Sangara

Wengi wanaoikumbuka Darwin's Nightmare, filamu ya Mwaustria Hubert Sauper iliyotoka mwaka 2004, wanakumbuka ndege za mizigo, minofu ya sangara na mapanki. Mimi namkumbuka mchoraji. Ni kijana wa Mwanza aliyewahi kuishi mtaani, na ndani ya filamu anaonyesha michoro yake ya maisha hayo. Anaonekana kwa muda mfupi tu, kisha kamera inarudi kwenye samaki.

Nasoma uzamili wa historia, na kila ninapopitia habari za ugomvi wa mwaka 2006 namtafuta kijana yule. Nampata Rais Jakaya Kikwete akiishutumu filamu kwa kuichafua nchi. Nawapata waandamanaji wa Mwanza. Nampata mwanahistoria Mfaransa, François Garçon, aliyeipinga kwa maandishi hadi Sauper akamshtaki kwa kumkashifu, na mahakama ya Paris ikampa Sauper ushindi. Hoja iliyowachemsha wote ilikuwa silaha: je, ndege zilizokuja kubeba minofu zilikuwa zikileta bunduki Afrika? Filamu inalidokeza jambo hilo kuliko inavyolithibitisha, na wakosoaji walikuwa na haki ya kuuliza. Lakini watoto walionaswa na kamera wakinusa gundi na kugombea ubwabwa waligeuzwa aibu ya taifa kwa upande mmoja, na kielelezo cha kesi kwa upande wa pili. Mwenzao aliyewachora sijaona popote akiulizwa.

Wala Sauper hakuwagundua. Shirika la Kuleana lilikuwa likitetea haki za watoto hapa Mwanza, wa mitaani wakiwamo, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990. Ndiyo miaka ambayo viwanda vya minofu vilishamiri ufukweni, na sangara, aliyepandikizwa ziwani miaka ya 1950, akawa fedha za kigeni. Mnofu ulipanda ndege kwenda Ulaya, kichwa na mifupa vikabaki kwetu, vikakaangwa.

Mwaka 1882, mjini The Hague, Vincent van Gogh na George Hendrik Breitner walizunguka pamoja mitaa ya maskini wakichora watu. Van Gogh alikuwa mtoto wa mchungaji aliyeishi kwa fedha za mdogo wake Theo. Njaa aliijua, sawa, ila alikuwa na mtu wa kumwandikia barua ya kuomba hela. Leo sisi wanafunzi wa historia tunaisoma michoro yake ya maskini wakipokea supu kama nyaraka: nani ana viatu, nani kabeba mtoto, nani kachoka. Sijasikia Mholanzi akilalamika kwamba iliichafua nchi yake. Na kijana wetu alikuwa na jambo ambalo hata hao wawili hawakuwa nalo: alichora mahali alipotoka.

Nyaraka niliyonayo kwa sasa ni zile dakika chache za filamu. Nazisimamisha, naikuza picha, naandika kwenye daftari watu wangapi wamo katika kila mchoro, wamevaa nini, mikono yao imeshika nini. Ndivyo ningefanya na karatasi ya Van Gogh.