Silaha ya Sauti katika Nchi ya Ugogo

Katika hekaya za mataifa mengi yumo dubwana lisilo na haja ya meno wala makucha, kwa kuwa likifumbua kinywa na kupaza sauti, walio karibu huanguka kifudifudi na walio mbali hupotewa na akili; nasi watu wa pwani, tuliolelewa kwa habari za ukelele uliowaangamiza kina Thamudi na za baragumu atakalolipuliza Israfili siku ya Kiyama, hatukupata kutilia shaka kwamba sauti yaweza kuua. Lakini mtu akizitazama mila za Wagogo kwa makini, ataona kwamba huko bara mambo yalikuwa kinyume: adui wa kutisha kupita wote alikuwa bubu, na silaha ya sauti ilikuwa mikononi mwa wanadamu, aghalabu wanawake na watoto.

Ihumwa, katika nchi hiyo ya Wagogo, iko mashariki ya mji wa Dodoma, katika uwanda mkavu wa mibuyu na miiba, ambako masika ni moja tu kwa mwaka, nayo haina ahadi, na watu tangu zamani wameishi kwa uwele, mtama na ng'ombe. Punje zinapoanza kujaa maziwa huja kweleakwelea, ndege mdogo mwenye mdomo mwekundu, kwa makundi ya maelfu kwa maelfu, na shamba lisilo na mlinzi huweza kubaki mabua matupu kabla ya jua kutua. Jeshi la namna hiyo halipigwi kwa mkuki. Kwa hiyo watoto hupanda dunguni tangu alfajiri, wakaamia ndege kwa mayowe, kwa kombeo na kwa kugonga chochote chenye mlio, mpaka koo zikakauka. Na ijapokuwa waandishi wa tarehe hawajaona fahari ya kuwataja askari hao, mimi nawahesabu mbele ya watemi wengi.

Misafara nayo ilikuwa na kelele zake. Wasafiri waliotoka pwani kwenda Unyanyembe, kama Burton mwaka 1857 na Stanley mwaka 1871, walipokwisha kuivuka nyika ya Marenga Mkali isiyo na maji, waliingia katika himaya ya watu walioshika visima na kutoza hongo, yaani ushuru wa kupita. Na kirangozi aliyetangulia kwa ngoma na baragumu la pembe ya tandala alikuwa akitoa salamu na tisho kwa pumzi moja. Wagogo, kwa kauli ya wageni hao, walijibu kwa makelele yasiyopungua ya wapagazi, kisha wakapokea hongo yao.

Lakini mwanzoni mwa miaka ya 1890 ilishuka sotoka, ikafyeka ng'ombe wa Afrika ya Mashariki karibu wote. Maradhi hayana mlio. Hayabishi hodi wala hayangurumi, na mwenye zizi huyatambua pale tu ng'ombe anapokataa majani. Mbele ya adui wa jinsi hii Wagogo walikuwa na dawa ambayo Peter Rigby, mtaalamu wa mila aliyekaa nao mwanzoni mwa miaka ya 1960, aliiandika kwa urefu: mifugo ikiharibikiwa, wanawake walivaa mavazi ya waume zao, wakashika silaha na kazi za waume zao, hata kuchunga, na waume wakaketi majumbani, kisha wanawake wakauimbia na kuuchezea ule uovu ulioidhuru mifugo, wakiusukuma upande wa magharibi mpaka mpakani, wakautupa huko nje ya nchi. Atakaye kucheka na acheke. Mimi naona hekima katika kumkabidhi silaha yule ambaye hakuizoea, maadamu aliyeizoea ameshindwa. Tena si ajabu katika kabila ambalo muheme, ngoma ya kusindikiza unyago wa wasichana, hupigwa na wanawake wenyewe wakiwa wameibana mapajani.

Mwaka 1917, hapo hapo Ihumwa, alizaliwa mshairi Mathias Mnyampala, katika saa mbaya kabisa, maana majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza yalikuwa yamechukua ng'ombe, nafaka na vijana wa upagazi, na mvua ilipokatika ikaja njaa ya Mtunya, ambayo wakadiriaji husema iliua watu wapatao 30,000 kati ya 150,000 wa Ugogo. Mtoto huyo alinusurika, akachunga ng'ombe, akasoma, akawa mwalimu, na mwaka 1954 akatoa kitabu chake cha historia, mila na desturi za Wagogo. Baada ya Azimio la Arusha la 1967, akiwa mmoja wa nguzo za UKUTA, chama cha washairi, aliistawisha ngonjera, yaani shairi la majibizano ambalo wasemaji wawili au zaidi hulumbana mbele ya hadhara hata mmoja akubali.

Sitathubutu kusema kwamba ngonjera imezaliwa na muheme, kwa kuwa vina na mizani vyake ni mali ya pwani, na malenga wa Mvita na Lamu wangenidai. Wapo pia walioikosoa kwamba inahubiri mno, na hawakukosea sana. Ila Mnyampala hakuwaandikia wasomaji wa kimya: alikusudia maneno yapazwe uwanjani kuupiga ujinga na uvivu, adui wawili wasiosikika wakija. Alifariki mwaka 1969, kabla vitabu vya Ngonjera za UKUTA havijatoka, cha kwanza mwaka 1970 na cha pili mwaka 1971. Na kwa miaka mingi baadaye mgeni rasmi hakuondoka shuleni pasipo kusomewa ngonjera na watoto waliosimama safu mbili.